Vyuma vya Chumba cha Chini: Safari ya Jon Kolb na Wenzake

Kabla jua halijapanda, malori ya ndizi huwa yamekwisha kuegeshwa Mabibo, mahali ambapo wakazi wa Dar es Salaam wamezoea kupaita Mahakama ya Ndizi. Vijana hupokea mikungu kwa bega na shingo, mmoja baada ya mwingine, na mwili hujifunza kubeba kabla mtu hajawahi kufundishwa namna ya kubeba. Jioni baadhi yao hukutana tena na mafundi, makonda wa daladala na mabaunsa wa kumbi za starehe katika jimu za uani: banda la mabati, benchi la mbao, na vyuma vilivyotengenezwa kwa zege lililomiminwa ndani ya makopo ya rangi na kuunganishwa kwa bomba. Katika jimu kama hizo huwapo mtu mzima mmoja ambaye wote humwita kocha. Hana cheti ukutani. Aliwahi kupigana ngumi au kunyanyua vyuma alipokuwa kijana, na anachofundisha ni yale ambayo mwili wake mwenyewe umeyapitia.

Kocha huyo huulizwa maswali ambayo hayafiki zahanati. Kijana anataka kujua kwa nini rafiki yake amejaa kifua ndani ya miezi mitatu, na ile sindano anayochomwa inapatikana wapi. Jibu atakalopewa hapo uani huweza kuamua hali ya moyo wake atakapofika miaka thelathini na mitano. Kwa sababu hiyo inafaa kuitazama historia ya wanaume wachache walionyanyua vyuma pamoja katika chumba kimoja cha chini ya ardhi, huko Marekani, miaka ya 1970. Mmoja wao alikuja kuwa kocha wa viungo. Maisha yao yameandikwa kwa kina, na tabibu anaweza kuyasoma kama majalada ya wagonjwa yaliyolazwa mezani bega kwa bega.

Chumba hicho kilikuwa chini ya mkahawa ulioitwa Red Bull Inn, katika kitongoji cha McMurray, kusini mwa jiji la Pittsburgh. Waliokuwa wakishuka ngazi zake ni wachezaji wa Pittsburgh Steelers, timu ya mpira wa Kimarekani iliyotwaa ubingwa wa taifa mara nne kati ya misimu ya 1974 na 1979. Wengi wao walikuwa watu wa safu ya mbele. Katika mchezo huo kila upande huwa na wachezaji kumi na mmoja, na kila mpira unapoanzishwa wale wa mbele hugongana kifua kwa kifua, kichwa kwa kichwa, ili kumfungulia njia au kumzuia yule mwenye mpira. Wao wenyewe hawaugusi mpira isipokuwa kwa nadra, na mtazamaji hayajui majina yao. Ni wabeba mizigo wa timu. Siku hizi wengi wao huzidi kilo 136. Wakati ule kilo 115 zilitosha.

Jon Kolb alizaliwa mwaka 1947 katika jimbo la Oklahoma, akasajiliwa na Steelers mwaka 1969, akacheza hadi 1981. Nguvu zake zilijulikana kiasi kwamba alishiriki mashindano ya kumtafuta mtu mwenye nguvu kuliko wote duniani mwishoni mwa miaka ya 1970. Pamoja naye chumbani humo alikuwapo Mike Webster, aliyecheza katikati ya safu, na Steve Courson, kijana aliyewasili baadaye kidogo na ambaye wenzake walistaajabia uwezo wake wa kunyanyua. Alikuwapo pia Steve Furness wa safu ya ulinzi.

Furness alifariki mwaka 2000 kwa mshtuko wa moyo akiwa na miaka 49. Webster alifariki kwa mshtuko wa moyo mwaka 2002 akiwa na miaka 50. Courson aliambiwa kwamba moyo wake umetanuka na kudhoofika alipokuwa na miaka 32 au 33 tu. Kolb alistaafu kucheza, akaanza kazi ya ukocha katika timu ileile mwaka 1982, kwanza kwa wachezaji wa safu ya ulinzi na kisha kwa mazoezi ya nguvu, akaendelea nayo hadi mwanzoni mwa miaka ya 1990.

Kidonge na taaluma

Kazi ya kocha wa viungo haikuanza kwa usafi. Hadi miaka ya 1960 makocha wengi wa Marekani waliamini kwamba kunyanyua vyuma humfanya mchezaji kuwa mzito na mkavu wa viungo. Mwaka 1963 timu ya San Diego Chargers ilimwajiri Alvin Roy kusimamia mazoezi ya nguvu, naye huhesabiwa miongoni mwa wa kwanza kabisa kushika kazi hiyo katika timu za kulipwa. Roy alileta vyuma, akaleta pia vidonge vya Dianabol, ambavyo kampuni ya Ciba ilikuwa imeviingiza katika soko la Marekani mwaka 1958. Viliwekwa mezani pamoja na chakula. Msimu huo timu ikatwaa ubingwa wa ligi yake. Kwa hiyo taaluma na kidonge viliingia kwa mlango mmoja, na imechukua miongo mingi kuvitenganisha. Chuo Kikuu cha Nebraska kilimwajiri Boyd Epley mwaka 1969 kama kocha wa nguvu wa wanamichezo wake, na mwaka 1978 makocha wa fani hiyo wakaunda chama chao cha kitaaluma. Lakini vidonge havikusubiri vyama.

Hapa panahitajika ufafanuzi, kwa kuwa neno steroidi huwachanganya wagonjwa na wakati mwingine hata wauza dawa. Prednisolone na deksamethasone, anazopewa mgonjwa wa pumu au wa mzio mkali, ni steroidi za aina nyingine kabisa. Hazijengi msuli, bali zikitumiwa kwa muda mrefu huudhoofisha. Wapo wazazi wanaokataa dawa ya pumu ya mtoto kwa kusikia habari za wanyanyua vyuma, na wapo vijana wanaomeza deksamethasone wakidhani wananenepa kwa nguvu, kumbe wanajaza maji na mafuta usoni na tumboni. Steroidi zinazozungumziwa katika jimu ni zile za jamii ya testosteroni, homoni ya kiume. Hizo ndizo zinazoongeza msuli, na hizo ndizo Courson alizitumia.

Alikiri hadharani mwaka 1985, alipokuwa amehamia Tampa Bay Buccaneers, kupitia jarida la Sports Illustrated. Wakati huo hakuna mchezaji aliyekuwa bado kazini aliyekuwa akizungumza hivyo, ingawa wengi walijua. Mwaka uliofuata timu ilimwacha, na hakucheza tena katika ligi hiyo. Mwaka 1988 akagundulika kuwa na moyo uliotanuka, akaingizwa katika orodha ya wanaosubiri kupandikizwa moyo wa mtu mwingine.

Je, steroidi ndizo zilizomtanua moyo? Kwa mtu mmoja swali hilo halijibiki kwa uhakika. Courson mwenyewe alikuwa pia mnywaji sana wa pombe, na pombe peke yake huweza kutanua moyo. Virusi huweza. Kurithi huweza. Tabibu mwaminifu asingemwambia zaidi ya kwamba inawezekana. Lakini kwa kundi la watu jibu limezidi kuwa wazi. Mwaka 2017 jarida la Circulation lilichapisha utafiti uliolinganisha wanyanyua vyuma 86 waliotumia steroidi kwa miaka mingi na wenzao 54 ambao hawakuzitumia kabisa. Moyo wenye afya husukuma nje zaidi ya nusu ya damu iliyomo ndani ya chemba yake ya kushoto kila unapopiga. Kwa wasiotumia, wastani ulikuwa asilimia 63. Kwa watumiaji ulikuwa asilimia 52, na kwa wale waliokuwa bado wanatumia wakati wa kupimwa ulishuka hadi 49, ilhali walioacha walikuwa na 58. Tofauti hiyo ya mwisho ndiyo inayopaswa kumfikia kijana wa jimu, kwa maana inaashiria kwamba msuli wa moyo, kwa sehemu, huweza kurejea ukiachwa upumue. Haikuwa hivyo kwa mishipa ya damu ya moyo: kadiri mtu alivyotumia miaka mingi ndivyo utando wa mafuta ulivyokuwa mzito ndani yake.

Courson alipata kurejea huko. Aliacha pombe, akapunguza uzito, akabadili chakula, akaanza kutembea na kufanya mazoezi kwa kipimo, pamoja na dawa za moyo alizoandikiwa. Hali ikaimarika hadi akaondolewa katika orodha ya kupandikizwa. Si kila mgonjwa mwenye moyo uliotanuka atapata bahati hiyo, na haifai kumwahidi yeyote. Wala mgonjwa asiache dawa zake kwa kusoma habari hizi. Courson alitumia miaka iliyobaki akizunguka shule za sekondari kuzungumza na vijana, na mwezi Aprili 2005 alitoa ushahidi mbele ya kamati ya Bunge la Marekani. Novemba mwaka huohuo, akiwa na miaka 50, mti aliokuwa akiukata nyumbani kwake ulimwangukia akafa. Baada ya yote yale, moyo haukuwa ndio uliomuua.

Kichwa kilichogongwa mara elfu

Habari za Webster ni za ubongo. Alicheza misimu kumi na saba, mechi 245, idadi ambayo watu wachache wa safu ya mbele wamewahi kuifikia. Alipoondoka Steelers mwaka 1988 alikwenda Kansas City Chiefs, waliomchukua kwanza awe kocha wa safu ya mbele, kisha akarudi uwanjani kucheza misimu miwili zaidi. Baada ya kustaafu alianza kupotea akilini. Alisahau, alikasirika, hakulala, alilala ndani ya gari lake. Familia ikasambaratika.

Mwili wake ulipofikishwa kwa mchunguzi wa vifo wa wilaya ya Allegheny, aliyekuwa zamu alikuwa daktari wa patholojia kutoka Nigeria, Bennet Omalu, aliyezaliwa mwaka 1968 wakati wa vita vya Biafra. Kwa macho ubongo ulionekana wa kawaida. Daktari mwenye foleni ya kazi angeweza kuandika mshtuko wa moyo na kufunga jalada, wala hakuna ambaye angemlaumu. Omalu aliuhifadhi, akaukata vipande vyembamba, akagharimia mwenyewe uchunguzi wa ziada, akakuta mabonge ya protini iitwayo tau mahali ambapo hayakupaswa kuwapo kwa mtu wa miaka 50. Matokeo yalichapishwa mwaka 2005 katika jarida la Neurosurgery. Madaktari wa kamati ya ligi waliandika kutaka makala hiyo iondolewe. Haikuondolewa.

Ugonjwa wenyewe haukuwa mgeni kabisa. Mwaka 1928 Harrison Martland, daktari wa New Jersey, alikwisha kueleza hali ya mabondia wanaoyumba na kuchanganyikiwa kwa sababu ya vipigo. Kilichokuwa kipya ni kuuona kwa mtu ambaye hakuwa bondia, na ambaye huenda madhara yake hayakutokana na pigo moja kubwa bali na maelfu ya migongano midogo ambayo hakuna aliyeiita jeraha. Mwaka 2017 watafiti wa Boston waliripoti kuukuta ugonjwa huo katika bongo 110 kati ya 111 za wachezaji wa zamani wa ligi hiyo. Takwimu hiyo isisomwe vibaya: bongo hizo zilitolewa na familia, na nyingi ya familia hizo zilikuwa zimekwisha kuona dalili, kwa hiyo haimaanishi kwamba kila mchezaji anaugua.

Dar es Salaam haina ligi ya mpira wa Kimarekani, lakini ina ngumi, na Manzese na Mabibo zimewalea mabondia kizazi baada ya kizazi. Bondia anayepoteza fahamu Jumamosi na kurudi kupigana mazoezini Jumanne yumo katika hatari ileile. Kwa mhudumu wa afya aliye pembeni ya ulingo au uwanja, kanuni haihitaji mashine: aliyegongwa kichwa akachanganyikiwa, akayumba, akasahau au akazimia, harudi kucheza siku hiyo, hata akisema yuko sawa. Maumivu ya kichwa yanayozidi, kutapika mara kwa mara, degedege, usingizi usioamshika, udhaifu wa upande mmoja wa mwili: hayo ni ya kukimbizwa hospitali mara moja.

Afrika Mashariki nayo imewahi kutoa damu yake kwa safu hiyo ya mbele. Mathias Kiwanuka, mjukuu wa Benedicto Kiwanuka aliyekuwa waziri mkuu wa kwanza wa Uganda na kuuawa mwaka 1972 akiwa Jaji Mkuu, alicheza New York Giants kuanzia 2006. Mwaka 2007 alivunjika mguu. Mwaka 2010 diski ya shingoni ilimtoa uwanjani baada ya mechi tatu, akarudi msimu uliofuata na timu ikatwaa ubingwa. Mbeba mikungu wa Mabibo mwenye ganzi mkononi anaweza kuwa na jeraha la jamii hiyohiyo, ila yeye harudishwi kazini na jopo la madaktari. Hurudishwa na njaa, na hilo mhudumu wa zahanati hulijua kabla hajaandika mapumziko ya wiki mbili ambayo hayatachukuliwa.

Uzito unaobaki

Upo upande mwingine wa habari hizi usio na kashfa, na pengine ndio mkubwa zaidi. Watafiti wa serikali ya Marekani walifuatilia wachezaji 3,439 waliostaafu, wakatoa matokeo mwaka 2012. Kwa ujumla wachezaji hao waliishi muda mrefu kuliko wanaume wengine wa rika lao, jambo ambalo huwashangaza wengi. Lakini wale ambao uwiano wa uzito na urefu wao ulifika 30 au zaidi walipokuwa wakicheza walikuwa na hatari maradufu ya kufa kwa ugonjwa wa moyo wakilinganishwa na wenzao wembamba. Mazoezi yaliwasaidia wote. Uzito ulichukua sehemu ya msaada huo kutoka kwa wakubwa.

Mtu aliyezoea kula kwa ajili ya kubeba hubaki na sahani ileile baada ya mizigo kuisha. Shingo ikiwa nene, koo hujibana usingizini, naye hukoroma, pumzi hukatika, hushtuka, hulala tena. Presha hupanda usiku ambapo ingepaswa kushuka. Mke ndiye anayejua. Swali moja kwa mke, kama mumewe huacha kupumua kisha akavuta pumzi kwa kishindo, huweza kufunua mengi kuliko maswali kumi kwa mume.

Na wanaonyanyua wanapaswa kupimwa presha kabla ya kuanza, si baada ya kuanguka. Mwaka 1985 watafiti waliingiza mirija ndani ya mishipa ya damu ya wanyanyua vyuma watano wakati wa kazi. Katika kusukuma uzito mkubwa kwa miguu miwili, wastani wa presha ulifika 320 kwa 250, na mmoja wao alipita 480 kwa 350. Mishipa yenye afya huvumilia hali hiyo kwa sekunde chache. Mishipa ya mtu mwenye presha isiyotibiwa haina uhakika huo. Kubana pumzi huzidisha. Kutoa pumzi wakati wa kusukuma hupunguza, na hilo kocha wa uani anaweza kulifundisha leo bila kununua chochote.

Kuhusu sindano, uzoefu wa kliniki unaonyesha kwamba karipio hufunga mdomo. Kijana akiulizwa kwa utulivu anatumia nini ili ajenge mwili, kama ambavyo angeulizwa kuhusu sigara, mara nyingi husema. Ziko dalili zinazosaidia kuuliza: chunusi nyingi mgongoni kwa mtu aliyekwisha kuvuka balehe, matiti kuvimba, korodani kusinyaa, hasira zisizo za kawaida, presha juu kwa kijana wa miaka 25. Wengine hawaji kwa sababu ya moyo kabisa. Huja na wake zao katika kliniki ya uzazi, wamekaa miaka miwili bila mtoto, na mke amekwisha kupimwa kila kitu. Homoni ya nje huuambia mwili usitengeneze ya kwake, na mbegu hukoma. Akiacha, kwa wengi hurejea baada ya miezi, lakini miezi hiyo huwa na huzuni na uchovu ambao humrudisha kwenye sindano asipoelezwa mapema kwamba utakuja na utapita. Mwenye kuhema kwa kazi ndogo, kuvimba miguu au mapigo yasiyo sawa apewe rufaa kwa kipimo cha eko. Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete iko palepale Muhimbili. Na wanaochangia sindano moja wapimwe virusi vya UKIMWI na homa ya ini.

Kolb hakubaki kuwajenga wakubwa. Alipoondoka katika timu alifundisha fiziolojia ya mazoezi chuoni, kisha akaanzisha huko magharibi mwa Pennsylvania taasisi inayoitwa Adventures in Training with a Purpose. Humo mazoezi ya nguvu hutolewa kwa askari waliojeruhiwa vitani na kwa watu wenye ulemavu, mmoja mmoja, kila mtu kwa kadiri ya uwezo wake. Kwa baadhi yao kuinuka kutoka kitini ni kazi nzito kama ilivyokuwa, zamani, kuinua vyuma katika chumba kile cha McMurray.

Kipimo hicho cha kuinuka kinafanyika popote penye kiti kigumu kisicho na mikono na saa yenye mshale wa sekunde. Mtu huketi, hukunja mikono kifuani, husimama wima na kuketi tena mara nyingi awezavyo ndani ya sekunde 30. Mwanamume wa miaka 60 hadi 64 asiyefikisha mara 14, au mwanamke wa umri huo asiyefikisha 12, ana miguu dhaifu kuliko rika lake na yumo katika hatari ya kuanguka. Tiba yake ni kusimama na kuketi huko huko, mara chache asubuhi na mara chache jioni, huku mtu akihesabu pembeni.